Mwanangu aliigiza filamu akiwa na miaka 10, mbona simu hazilii tena?

"Mwalimu, salamu nyingi. Mimi ni mama wa Bukavu, naishi Lyon, Ufaransa. Mwanangu wa pili alipokuwa na miaka 10 walikuja watu shuleni kwao kutafuta mtoto wa kuigiza filamu, wakamchagua yeye awe mhusika mkuu. Filamu ikafika hadi kwenye tamasha. Tukavaa, tukapigwa picha, watu wakawa wanamsimamisha kwenye tramu. Wakala akamchukua. Akapata vipande viwili vitatu, lakini alipofika miaka 15 simu zikanyamaza. Sasa ana miaka 19. Sekondari amemaliza na cheti anacho, ila hataki kusikia habari ya chuo, anasema yeye ni mwigizaji. Anashinda na simu mkononi. Baba yake anasema filamu ndiyo iliyomharibu. Kanisani naambiwa watoto wa sinema wote huishia kwenye dawa za kulevya. Kipaji kinaweza kuisha? Nilikosea kumruhusu? Na zile pesa walizosema 'zimewekwa', zimewekwa wapi? Tumkazanie asome au tumwache?"

Mama, asante kwa barua iliyonyooka. Naanza na la kipaji, maana nahisi ndilo linalokunyima usingizi. Hakijaisha. Ila nitakuongezea jambo ambalo kijana wako huenda asilipende: alichokifanya akiwa na miaka 10 na anachotaka kukifanya leo ni kazi mbili tofauti, zinafanana jina tu. Mkilielewa hilo nyote watatu, nusu ya ugomvi wa baba na mwana utapungua.

Mwongozaji wa filamu anapotafuta mwigizaji mtu mzima, humtafuta anayeweza kugeuka kuwa mwingine. Akitafuta mtoto, humtafuta yule ambaye tayari ndiye. Ndiyo maana watu wale walikwenda kwenye shule ya kawaida ya mtaani. Walikuwa wanasaka sauti fulani, kimo fulani, namna fulani ya kunyamaza, wakamkuta mhusika wao amebeba begi la shule mgongoni.

Mwaka 1958 mwongozaji Mfaransa François Truffaut, kijana wa miaka 26 wakati huo, alitangaza gazetini kwamba anatafuta mvulana wa filamu yake Les Quatre Cents Coups. Walijitokeza mamia. Akamchukua Jean-Pierre Léaud, miaka 14, mtukutu, mwenye mdomo, ambaye hakufanana sana na mtoto mpole aliyekuwa ameandikwa kwenye mswada. Truffaut hakumlazimisha kuufuata mswada, bali mswada ndio uliobadilishwa umfuate mtoto. Kuna sehemu mvulana huyo anahojiwa na mwanasaikolojia kwenye kituo cha watoto watukutu. Anayeuliza haonekani. Unamwona Léaud peke yake mezani, mikono haitulii, macho chini, kisha kicheko kidogo cha aibu anapoguswa pabaya. Majibu yale hayakuandikwa popote. Truffaut alikaa karibu na kamera akauliza, mtoto akajibu kwa maneno yake mwenyewe. Nikiwaonyesha wanafunzi wangu sehemu hiyo, wale walio hodari hukata tamaa, kwa sababu hawaoni cha kuiga.

Ana Torrent wa Hispania ni mfano ulio wazi zaidi. Katika El espíritu de la colmena ya Víctor Erice, iliyotoka mwaka 1973, anaigiza mtoto wa kijijini anayetazama kwa mara ya kwanza filamu ya Frankenstein, ile ya zimwi. Alikuwa na miaka kama 6, na alikuwa anaitazama kweli. Kamera ilikuwa mkononi mwa mpiga picha, ikaunasa uso wake ukitoka kwenye mshangao kwenda kwenye hofu. Hata majina ya wahusika yalibadilishwa yakawa ya waigizaji wenyewe, maana mtoto alikuwa anachanganyikiwa anapoitwa jina lisilo lake. Sasa niambie, ufundi wa uigizaji uko wapi hapo? Ufundi ulikuwa wa Erice. Mtoto alitoa kitu cha thamani kuliko ufundi, lakini kitu hicho hakirudiwi kwa kuamua.

Njia nyingine hazikuwa za upole. Inasimuliwa kwamba mwongozaji Mwitaliano Vittorio De Sica, alipotaka machozi ya Enzo Staiola katika Ladri di biciclette ya mwaka 1948, alimtilia vipisi vya sigara mfukoni kisha akamsuta mbele ya watu kwamba anaokota vipisi. Mtoto akalia kwa aibu, kamera ikachukua, dunia nzima ikalia naye. Leo mwongozaji akifanya hivyo kwenye seti ya Ulaya atakuwa na maelezo mengi ya kutoa. Hata hivyo utaratibu wa ndani haujabadilika sana: watoto wengi hupewa kisa kwa vipande, mistari huambiwa papo hapo, na bora zaidi ni pale wanaposahau kwamba wanarekodiwa.

Kwa hiyo mwanao alitoka kwenye filamu ile akiwa amesifiwa kwa kazi ambayo hakuna aliyekuwa amemfundisha. Akaamini anaijua. Kosa si lake, maana watu wazima waliomzunguka walimwita mwigizaji, wakampigia makofi, wakampa na wakala.

Na kwa nini miaka 15? Hapa kuna sababu moja ambayo familia nyingi haziambiwi. Sauti kuvunjika na kimo kurefuka ni sehemu yake, bila shaka. Lakini kuna sheria pia. Ufaransa, mtoto aliye chini ya miaka 16 haruhusiwi kuigiza mpaka ofisi ya prefekti, mwakilishi wa serikali katika eneo, itoe kibali, saa zake za kazi zimebanwa, kazi ya usiku ni shida, na shule lazima izingatiwe. Mtayarishaji anayetafuta mhusika wa miaka 15 au 16 anapiga hesabu: akimchukua kijana wa miaka 18 au 20 mwenye sura changa, vizuizi vyote hivyo vinaondoka. Kwa hiyo mtoto aliyekuwa anatafutwa akiwa na miaka 10, kwa sababu wa miaka 20 hawezi kuigiza wa 10, anafika mahali ambapo watu wazima wanamchukulia nafasi yake. Simu hunyamaza kwa karibu wote katika umri huo. Mwambie kijana wako hilo kwa maneno hayohayo, kwa sababu nina hakika amekaa miaka minne akijiuliza alimkosea nani.

Kuna jambo la pili, nalo sitalizunguka. Ni kijana mweusi katika sinema ya Ufaransa. Mtoto mweusi hupendwa akiwa mtoto. Akikua, nafasi anazoitiwa hupungua na kufanana: muuza dawa za kulevya, mlinzi wa mlangoni, mkimbizi. Mwaka 2018 waigizaji wa kike 16 weusi, Aïssa Maïga akiwa mbele, walipanda pamoja ngazi za tamasha la Cannes kulalamikia jambo hilohilo. Mambo yamesogea tangu hapo, si haba, lakini anahitaji kulijua mapema ili asije akadhani kila "hapana" ni hukumu juu ya uwezo wake.

Sasa nije kwa hao wa kanisani. Si kweli kwamba wote huharibika, ila si uzushi mtupu pia. Björn Andrésen wa Sweden alikuwa na miaka 15 alipochukuliwa na mwongozaji Luchino Visconti kwa ajili ya Morte a Venezia, iliyotoka mwaka 1971. Mama yake alikuwa amekwisha kufariki, analelewa na bibi aliyetamani mjukuu awe staa. Usaili wake ulirekodiwa: anaonekana akitakiwa avue shati mbele ya watu wazima, na uso wake unasema wazi kwamba hapendi. Visconti akamtangaza kuwa mvulana mzuri kuliko wote duniani, na maneno hayo yakamfuata hadi Japani, alikopelekwa kwenye matangazo na kurekodi nyimbo. Aliishi kwa muziki na nafasi za hapa na pale, akafariki mwaka 2025 akiwa na miaka 70, na katika filamu ya mwaka 2021 inayohusu maisha yake alieleza bila kuficha jinsi alivyotumiwa. Ukimchunguza Andrésen utaona kwamba kilichomwumiza ni kukosa mtu mzima hata mmoja mwenye ubavu wa kusema basi, inatosha. Kamera peke yake haikuwa na uwezo huo.

Lakini unamsikia Andrésen kwa sababu kisa chake kinasimulika. Staiola, yule wa vipisi vya sigara, aliigiza filamu kadhaa zaidi, akakua, akawa mwalimu wa hesabu na kisha mtumishi wa ofisi ya kumbukumbu za ardhi huko Roma. Nani ataandika kitabu juu ya hilo? Na cha kushangaza, aliyeigiza kama baba yake, Lamberto Maggiorani, mtu mzima mwenye familia, ndiye aliyeumia zaidi. Alikuwa fundi wa kiwandani, akarudi kiwandani, akapunguzwa kazi kwa sababu wenzake na wakubwa waliamini filamu imemtajirisha. Huyo hakuwa mtoto. Mlango unaofunguka mara moja na kufungwa humpiga yeyote aliyesimama kizingitini.

Wako pia waliorudi. Brigitte Fossey alikuwa na miaka 5 tu Jeux interdits ya René Clément ilipopigwa, na filamu ikatwaa tuzo kuu, Simba wa Dhahabu, kwenye tamasha la Venice mwaka 1952. Fikiria umaarufu huo kwa mtoto ambaye hajajua kusoma. Akaigiza kidogo tena, kisha akaachwa asome, na sinema ikakaa pembeni kwa miaka. Alirudi mwaka 1967 katika Le Grand Meaulnes akiwa mwanamke kijana, na tangu hapo akafanya kazi mfululizo. Kizazi kizima cha Wafaransa kinamjua kama mama wa Sophie Marceau katika La Boum ya mwaka 1980. Mwenzake wa filamu ile ya kwanza, Georges Poujouly, hakuondoka. Akaendelea na nafasi zilizokuwa zinapungua, hatimaye akajipatia riziki kwa kuingiza sauti kwenye filamu za kigeni. Watu humtaja kama aliyefifia. Mimi naona alikuwa mtu mwenye kazi, tena kazi ya ufundi, ambayo sauti yako ndiyo inayolipwa na sura yako haimhusu mtu.

Na Léaud? Huyo ndiye ambaye mwanao angependa kumfuata, kwa hiyo nitamkalia kidogo. Truffaut hakumwacha baada ya filamu ya kwanza. Alimrudisha kama mhusika yuleyule, Antoine Doinel, mara nne zaidi kati ya 1962 na 1979, akimwacha azeeke mbele ya watazamaji. Kila mtu anakumbuka hilo. Wasichokikumbuka ni kwamba katikati ya miaka ya 1960 Léaud alikuwa anafanya kazi nyuma ya kamera, msaidizi kwenye La Peau douce ya Truffaut na kwenye filamu za mwongozaji Jean-Luc Godard. Kijana aliyewahi kushangiliwa Cannes alikuwa anaamka alfajiri kuandaa kazi ya wengine. Mwaka 1966 akapata tuzo ya mwigizaji bora wa kiume kwenye tamasha la Berlin kwa filamu ya Masculin féminin, na hapo hapakuwa tena na bahati ya mtoto. Bei yake ilikuwepo: kwa maisha yake yote watu wamemchanganya na Doinel. Lakini mwaka 2016 ilitoka filamu ambayo ndani yake, akiwa amepita miaka 70, aliigiza Mfalme Louis wa 14 anayekufa polepole kitandani, na mwaka huohuo tamasha la Cannes likampa tuzo yake ya heshima, Palme.

Torrent naye alirudi kwa vipindi, akafanya Tesis mwaka 1996, na mwaka 2023 Erice alimwita tena kwenye Cerrar los ojos, miaka 50 baada ya ile ya kwanza. Wakala gani anaweza kukuahidi jambo kama hilo?

Ulikosea kumruhusu? Nijibu kwa maswali ambayo utajijibu mwenyewe. Kwenye seti alikuwa na mtu wa kwenu au mlezi anayemwamini? Aliendelea na masomo? Kuna lolote alilofanyiwa ambalo alilinyamazia? Kama mawili ya kwanza ni ndiyo na la tatu ni hapana, umefanya zaidi ya wazazi wengi katika historia niliyokusimulia. Lakini la tatu usilijibu kwa kudhani. Mwaka 2024 Judith Godrèche, aliyeanza kuigiza akiwa mtoto, alisimama hadharani akaeleza yaliyompata akiwa binti mdogo, na Bunge la Ufaransa likaunda tume ya kuchunguza unyanyasaji katika sinema, iliyotoa ripoti mwezi wa Aprili 2025. Alikuwa amenyamaza kwa miaka mingi. Mwulize mwanao mkiwa wawili, safarini au jikoni, bila baba na bila simu, kisha umpe muda.

Pesa. Hili ndilo swali jepesi kuliko yote, na nashangaa hamjaelezwa. Ufaransa ujira wa mtoto mwigizaji hauendi wote kwa wazazi. Tume inayoshughulikia kibali huamua sehemu ndogo wanayoweza kupewa wazazi, na iliyobaki mwajiri huipeleka Caisse des Dépôts et Consignations, taasisi ya fedha ya umma, ikae mpaka mtoto afikishe miaka 18. Mwanao ana 19. Ni pesa zake, anazidai mwenyewe, kwa kitambulisho chake na akaunti ya benki yenye jina lake. Ninyi wazazi hamna saini hapo, na tafadhali zisianze kupangiwa matumizi kabla hajaziona. Pia aulizie ADAMI, chama kinachokusanya haki za waigizaji. Kama filamu imeonyeshwa kwenye televisheni, huenda kuna malipo yanayomsubiri kwa sababu tu hajajiandikisha.

Tumefika kwenye asome au aachwe. Mimi naona mmeligawa swali vibaya. Baba anasema chuo, mtoto anasema uigizaji, na kila mmoja anaamini kimoja kinaua kingine. Mnachopaswa kumkatalia ni kungoja simu. Uigizaji wenyewe msimkatalie, ila aufanye kama kazi, na kazi hii ina shule zake. Tena mnaishi mahali pazuri: ENSATT, shule ya taifa ya sanaa za jukwaani, iko hapohapo Lyon, inafundisha waigizaji lakini pia mafundi wa taa, sauti na mavazi. Katika mji jirani wa Saint-Étienne, shule ya La Comédie ina darasa la maandalizi kwa vijana ambao familia zao hazina uwezo, linalowatayarisha kwa mitihani ya kuingia shule kubwa za taifa. Mitihani hiyo ni migumu, wanaochukuliwa ni wachache, na wanaojaribu mara mbili au tatu ni wengi. Huko filamu yake ya zamani haitambeba. Ataombwa asimame mbele ya meza aseme kipande cha mwandishi fulani, kama mwombaji mwingine yeyote. Itamwuma. Ni afadhali imwume akiwa na miaka 19.

Ukweli wa soko nao msimfiche. Hata waliohitimu shule hizo, wengi hawaishi kwa uigizaji peke yake. Ufaransa msanii anahitaji kufikisha saa 507 za kazi ndani ya miezi 12 ili apate posho ya wasanii katika vipindi visivyo na kazi, na kuzifikisha ni mbio. Ndiyo maana ningempeleka kwanza kwenye mlango ule wa Léaud: aombe kazi yoyote kwenye seti, hata ya kubeba nyaya na kuzuia watu wasipite mbele ya kamera. Anajua seti inavyokwenda tangu utotoni, na hiyo ni mali ambayo wenzake wa umri wake hawana. Anaweza kugundua kwamba alichopenda ni kuwa mahali pale, hata asipokuwa yeye anayetazamwa.

Kuhusu wakala, mwanao amwandikie aombe mazungumzo ya ana kwa ana, aulize wazi kama bado anamwakilisha. Akijibiwa kwa kuzungushwa, hilo nalo ni jibu. Wakala halali Ufaransa hulipwa asilimia ya kazi aliyoipata mwigizaji, kwa kawaida haizidi 10. Yeyote atakayedai pesa ya usajili, ya picha au ya "kukuweka kwenye orodha" kabla ya kazi, mkimbieni. Vijana waliowahi kuonja umaarufu ndio wanaonaswa kirahisi na watu hao. Na mkataba wowote wenye maneno msiyoyaelewa, upelekeni Maison de justice et du droit iliyo karibu nanyi, ushauri wa kisheria hapo ni bure.

Mwisho, sikiliza kwa makini namna anavyongoja. Kijana anayengoja simu lakini anakula, analala, anacheka na wenzake, anahitaji mpango tu, na Mission Locale ya mtaa wenu ipo kwa ajili ya vijana wa 16 hadi 25 wasio shuleni wala kazini, wanaweza kumsaidia kuupanga. Lakini kama usiku umekuwa mchana, ameacha marafiki, anakunywa au kuvuta ili apitishe siku, anaitazama filamu ile tena na tena akiwa peke yake, basi hilo si suala la kazi tena. Mpeleke kwa daktari wenu wa familia, mwombe mwanasaikolojia. Bima ya afya ya Ufaransa hurudisha sehemu ya gharama za vikao kadhaa kwa mwaka. Akitamka kwamba maisha hayana maana, usingoje miadi: pigeni 3114, namba ya Ufaransa ya kuzuia watu kujiua, ni bure, usiku na mchana. Na siku utakayomweleza haya yote, anza na la Caisse des Dépôts, ukimwambia mbele ya baba yake kwamba ni pesa zake, alizifanyia kazi.